Kilo Tisa

3 Machi

Kaka yangu,

Kabla hujasogea mstari wa pili, nakusihi: barua hii isome peke yako. Najua utaratibu wa nyumba yenu ya kupata nafuu, uliniambia mwenyewe, kwamba barua ikifika husomwa mbele ya wote baada ya chakula, ili asiwepo mtu wa kulala na siri. Hii usiisome. Sema imelowa. Sema mdogo wako ana mwandiko mbaya, ingawa kusema hivyo kutaniuma. Hata Msimamizi asiione. Ukimaliza ichane, na vipande usivitupe katika ndoo moja.

Shikamoo. Bega linaendeleaje? Usingizi unapatikana? Sisi huku hatujambo, ila mama na goti lake bado hawajapatana. Angali anamwambia kila mtu, hasa jirani yetu mshona nguo, kwamba uko safari, unafundisha vijana mieleka, na kila akilisema hilo mimi huinama kana kwamba nimeangusha sindano.

Sasa jambo lenyewe. Nimelianza mara nne na karatasi nne nimezitia mkobani, maana kapu la taka la ofisini linafunguliwa na kila mtu.

Kaka, nimekosea fomu yako.

Uliponiandikia Januari kwamba Msimamizi amekuruhusu kushindana tena, nikuandikishe mashindano ya Aprili, nilifurahi hadi nikajifungia stoo ya mafaili nikalia. Kisha nikatoa kadi yako ya zamani, ile niliyoijaza wiki yangu ya kwanza hapa chama cha mieleka, mwandiko umenyooka kama uzi, nikanakili kila kitu: urefu, klabu, tarehe ya kuzaliwa, daraja la uzito. Sabini na nne. Katibu akagonga muhuri, na tarehe ishirini Februari orodha ikabandikwa ukutani.

Jana nikapokea picha yako, ile umesimama katikati ya ndoo mbili za maji, unacheka. Nyuma umeandika: "Kilo themanini na tatu, na zote zangu." Nilikaa chini. Hapakuwa na kiti, nilikaa chini.

Utauliza kwa nini sikukuuliza uzito. Nani nyumbani kwetu aliwahi kukuuliza? Wakati ule ukishusha uzito, ukiulizwa tu kilo, sahani zilikuwa zinaruka. Mama akalipiga marufuku neno lenyewe. Hata sukari tuliiomba dukani kwa pakiti. Nimekua hivyo. Karani yeyote mwingine angeuliza.

Kosa la karani hurekebishwa ndani ya siku saba tangu orodha ibandikwe. Zimepita. Mchezaji akizidi uzito siku ya mizani, au asipotokea kabisa, anafungiwa msimu mzima. Nawe una miaka thelathini na moja. Kwa wale wa miaka kumi na tisa, msimu ni msimu. Kwako wewe ni mlango unaofungwa.

Nimewaza hivi. Ufunguo wa kabati ninao mimi. Muhuri uko droo ya kushoto. Naweza kuuchapa upya ukurasa ule mmoja na kukupandisha daraja la themanini na sita, na huenda asigundue mtu. Nikigunduliwa nafukuzwa siku hiyohiyo. Niambie nifanye nini, nami nitafanya.

Mdogo wako


9 Machi

Mama Faili,

Marahaba. Salamu zimefika na machozi yamefika, karatasi ilikuwa imevimba. Mimi niko mzima wa afya, nalala, naamka, nafagia uwanja zamu yangu ikifika.

Nimeisoma peke yangu, ulivyotaka. Msimamizi ameniuliza barua ina nini, nikasema ni habari za mama na goti. Akanitazama.

"Goti," akasema.

"Goti," nikasema.

"Kurasa tatu za goti?"

"Ni goti kubwa."

Sasa sikiliza. Makabati usiyaguse. Wewe ulipokuwa mdogo uliiba kipande cha sabuni shuleni, ukakirudisha kabla hakijakauka. Wizi si fani yako.

Na kilo tisa ni kitu gani? Nne ni maji, mbili ni chakula cha jioni, tatu ni uvivu. Mimi niliwahi kushusha saba kwa siku sita, na hapa nina wiki karibu sita nzima. Mwenzangu wa chumba, Fundi Bomba, yule aliyeziba mabomba ya mji mzima huku mwenyewe akivuja, ameniazima koti lake la mvua la plastiki. Nimemwambia naogopa mafua. Asubuhi tunaruhusiwa kutoka kukimbia. Nitakimbia nalo.

Kosa lako nitalimaliza kwa miguu yangu, na hakuna atakayejua. Wewe funga mdomo tu. Kufunga mdomo unakujua vizuri.

Kaka yako


13 Machi

Kaka,

Shikamoo. Natumaini afya yako ni njema, na safari hii siandiki hivyo kwa mazoea.

Barua yako imenichekesha hadi katikati ya ukurasa, halafu nikaogopa. Unajisifu kwamba ulishusha saba kwa siku sita. Nilikuwepo. Nakumbuka ulivyokuwa ukitema mate kwenye kopo ili upungue hata vijiko viwili. Nakumbuka chumba kilivyofungwa madirisha na wewe ndani yake na makoti matatu. Vilianza vidonge vya kutoa maji mwilini. Mwili ulipokauka misuli ikakaza, bega likaamka, vikaja vya maumivu.

Na kuna jambo ambalo hatujawahi kulisema. Siku ile ya mizani, koridoni, ulimeza vinne kwa mkupuo bila maji. Uliniona nimesimama na fomu zangu. Ukanikonyeza. Nami nikageuka, nikaanza kupanga fomu ambazo zilikuwa zimeshapangwa.

Ulishinda siku ile. Picha yako na medali iko sebuleni, mimi ndiye ninayeifuta vumbi. Lakini vile vinne vilizaa arobaini, kaka, na mimi nilivihesabu vikiwa bado vinne. Nilikuwa na woga, nao woga nikauita heshima.

Umesema kufunga mdomo nakujua vizuri. Ni kweli, na sitaki kuufunga tena. Vua hilo koti. Usiniandikie barua ndefu, niandikie neno moja tu, naacha, nami nitatafuta njia nyingine.

Mdogo wako


27 Machi

Kaka,

Salamu nyingi, popote zitakapokukuta na hali yoyote uliyo nayo.

Ni siku kumi na nne. Barua huchukua siku mbili kwenda na mbili kurudi. Nimezihesabu mbele na nyuma, na hesabu haikubali. Mara mbili nimepiga simu ya nyumba yenu nikakata kabla haijapokelewa, maana sikujua niulize swali gani ambalo lisingekusaliti. Nikiona mtu amelala kwenye baraza natazama viatu vyake kwanza.

Jana nilipiga moyo konde, nikaingia kwa Katibu. Unamjua, masikio yamekunjamana kama majani ya kabichi kwa mieleka ya ujana wake, miwani imefungwa kamba. Alikuwa anachonga penseli.

"Mheshimiwa, nina kosa."

"Moja tu? Karibu ukae."

Nikamweleza habari ya fomu. Aliendelea kuchonga.

"Nani alikuambia kaka yako ni wa sabini na nne?"

"Kadi."

"Kadi ya lini?"

"Ya miaka mitatu iliyopita."

"Binti, mimi nina kadi inayosema ni wa sitini na mbili." Akajipiga kofi tumboni, likaitika. "Tuifuate?"

Nilitaka kucheka, yakatoka machozi. Akanipa kitambaa cha kufutia ubao, hakuwa na kingine, kisha akafungua kitabu cha kanuni. Kosa langu halirekebishiki tena, siku saba ni siku saba. Njia iliyobaki ni moja: mchezaji mwenyewe aandike kwa mkono wake kwamba afya yake hairuhusu kushusha uzito, na aeleze kwa nini. Barua hiyo husomwa mbele ya makocha wote, nao hupiga kura. Kikao ni tarehe saba Aprili.

"Na aandike sababu ya kweli," Katibu akasema. "Asiniletee 'sababu zilizo nje ya uwezo wangu'. Hizo nina faili zima."

Kisha akavua miwani.

"Kaka yako alikuwa wapi miaka miwili hii?"

Nilianza kukikunja kile kitambaa cha ubao.

"Mimi sikuulizi tena," akasema. "Lakini makocha watauliza."

Siri yako sikuitoa, kaka. Ni yako, si yangu. Ukiandika, watu wote wa mieleka watajua, na siku mbili baadaye mama naye atajua. Usipoandika, utafungiwa msimu, nami nitabeba lawama hiyo maisha yangu yote. Lakini nimekaa na mizani hiyo usiku kucha, na nakuambia: nakupenda ukiwa umefungiwa na uko hai kuliko ukiwa na medali nyingine na korido nyingine.

Nimepewa barua ya onyo. Kwa kuwa karani ni mimi, nimeiandika mwenyewe. Katibu ameirudisha mara mbili, anasema nimejionya kwa ukali kupita kiasi.

Kama uko hapo, nijibu. Kama umeteleza, nijibu vilevile. Sitageuza uso.

Mdogo wako


31 Machi

Mdogo wangu,

Niko hai na niko msafi. Sijameza kitu. Naanza na hayo kwa sababu najua macho yako yameshakimbilia mwisho wa ukurasa. Rudi sasa, usome taratibu. Marahaba, na pole kwa yote.

Nilikimbia na lile koti siku tisa. Kilo tano zilitoka, nami nikajiona bingwa. Siku ya kumi msuli wa paja ulikaza barabarani, nikakaa kwenye ukingo wa lami kama mzigo ulioshushwa. Ndipo bega likaanza. Bega ambalo halijaniuma miezi minane, mdogo wangu, liliamka kama limesikia linaitwa. Mwili una kumbukumbu kuliko mafaili yako. Ukishaupitisha njia ile ya kiu na njaa, unajua kituo kinachofuata ni kipi, unateremka wenyewe.

Nikainuka nikaenda duka la dawa. Miguu ilikwenda, mimi niliifuata. Nyuma ya kaunta alikuwepo dada mmoja mwenye kalamu sikioni.

"Nikusaidie nini, kaka?"

Nikafungua mdomo. "Kitana," nikasema.

Akanitazama kichwani. Nimenyoa upara, ule wa kung'aa. Akanipa kitana. Nikatoka, nikazunguka mtaa, nikarudi. Nikanunua kitana cha pili. Mara ya tatu hakungoja niseme.

"Kaka, vitana vimekwisha. Ama useme unachokitaka, ama ukae pale kwenye benchi mpaka usikitake."

Nikakaa. Sijui alijua au alibahatisha. Wateja waliingia na kikohozi wakatoka na chupa, na mimi niko pale nimeshika vitana viwili kama mpumbavu, jasho linanitoka ndani ya plastiki. Karibu na saa sita mchana nikainuka nikarudi nyumbani. Dada yule aliniambia, "Nenda salama." Nimefika salama.

Lakini sikumwambia mtu. Nilijifunika, nikasema ni homa. Barua yako ya koridoni nilikuwa nimeiweka chini ya godoro. Niliona aibu hata kulala juu yake. Kuandika "naacha" nilishindwa, kwa kuwa nilikuwa sijaacha, na kukudanganya nilishindwa pia. Ndicho kimya ulichokisikia.

Jana Msimamizi akaja na barua yako mpya.

"Goti tena?" akauliza.

Nikacheka. Kisha nikalia, mbele yake, mtu mzima na kifua changu hiki. Na baada ya chakula, nisamehe, nimezisoma zote. Ya kwanza, ya pili, na hii. Zote, mbele ya watu kumi na wanne. Ulinisihi nichane, nami nimezisoma kwa sauti ya uwanjani.

Fundi Bomba ndiye aliyeanza. "Kumbe koti langu ndilo lilitaka kukuzika! Lete hapa."

"Uliniazima kwa mafua."

"Mafua ya kilo tisa! Mficha maradhi, wewe, hata kitanda chako kinalalamika, mimi nalala chini yako nakisikia."

Mwingine akauliza kama vile vitana nitavitumia. Nimevigawa. Wakacheka, na mimi nikacheka, na nikasikia kitu kifuani kimelegea, kama pale refa anapopiga mkeka na yule aliyekulalia anaondoka juu yako. Umepigwa, ndiyo, lakini unapumua.

Sasa habari ya koridoni. Ulikuwa na miaka ishirini, wiki ya kwanza kazini. Nilikukonyeza makusudi. Nilijua ukikonyezwa na kaka yako hutasema, na ndicho nilichotaka. Mzigo ule nilikutwika mimi. Leo nautua. Usiubebe tena hata kwa mazoea.

Barua ya makocha iko ndani ya bahasha hii. Nimeiandika mara moja, sikuifuta. Nainakili hapa ili uisome kwanza ukiwa peke yako:

"Kwa makocha wote. Naomba nipandishwe kutoka daraja la sabini na nne hadi la themanini na sita. Sababu ni kwamba mimi ni mraibu wa vidonge vya maumivu. Nilianza katika kushusha uzito, na nina miezi minane na siku kumi na mbili bila kidonge. Mwezi huu nimejaribu kushusha tena na nimefika hadi kwenye kaunta ya duka la dawa. Sitajaribu tena. Kwa leo nina kilo themanini na moja. Nikiruhusiwa, nitapigana nikiwa nilivyo. Nisiporuhusiwa, nitakubali kufungiwa na nitaendelea kuishi."

Jambo moja la mwisho, na najua nakutupia gogo. Mwambie mama kabla ya kikao. Habari za mwanawe asije akazipata dirishani kwa jirani.

Kaka yako


8 Aprili

Kaka yangu,

Shikamoo, shikamoo, shikamoo. Hatujambo sote, hata goti.

Wamekubali. Umeona? Nimeliweka mwanzo, wewe ndiye uliyenifundisha.

Sasa kwa utaratibu. Mama nilimwambia Jumapili mchana, anakunja nguo. Sikuzunguka. Alikunja shati moja mara tatu.

"Kwa hiyo miaka miwili hii nimekuwa nikimdanganya mshona nguo?"

"Hukumdanganya, mama. Ulidanganywa."

"Na nani?"

"Na mimi."

"Karani mzima!" akasema, na hakuongeza neno hadi jua linazama. Nilipika, nikaosha vyombo, nikavifuta, nikavifuta tena. Nilidhani amevunjika. Kisha akaja akasimama mlango wa jikoni, akauliza kitu kimoja tu: "Sasa anakula?"

"Anakula, mama."

"Anashiba?"

Nikasema unashiba. Akakaa kwenye kigoda akalia, nami nikakaa chini karibu naye, na kilikuwa kilio kizuri, sijui nikuelezeje. Jana asubuhi alikwenda mwenyewe kwa mshona nguo akamwambia yote. Mshona nguo akasema mumewe alikuwa hivyohivyo kwa pombe, wakanywa chai. Mimi bado ananinunia, ila ananinunia huku akiniongezea chakula.

Kikao kilikuwa jana saa nane. Makocha kumi na wawili kwenye meza ndefu, wamevaa suti za michezo kana kwamba wataitwa ulingoni wakati wowote. Nilidhani Katibu ndiye atakayesoma. Akanisukumia karatasi. "Karani husoma," akasema. Kaka, sauti yangu ilitoka kama ya panya mlangoni. Nilipomaliza nikatazama kucha zangu.

Kocha Filimbi, yule wa klabu pinzani aliyekuwa akikuzomea miaka yote, akainua mkono.

"Mimi nimesikia nusu. Asome tena, na asome kama mtu aliyekula."

Nikasoma tena, kwa sauti. Safari hii neno "mraibu" nililisema bila kulimeza. Nilitazama mbele.

"Ahsante," akasema. "Mimi nilisikia tangu mara ya kwanza. Nilitaka wenzangu wasikie mara mbili." Akageukia meza. "Hivi sasa nina vijana watatu wanakimbia na mifuko ya plastiki. Nikitoka hapa nakwenda kuwavua. Nani mwingine?"

Kocha mmoja alitoa simu akatoka nje kwa haraka, na tulimsikia koridoni akisema, "Mwambie anywe maji. Maji, nimesema! Sasa hivi."

Kura zilikuwa kumi na moja za ndiyo. Mmoja hakupiga, amesema ana mchezaji wake wa themanini na sita na hana haja ya kujitafutia matatizo. Katibu amenifanya niandike sababu hiyo kwenye kumbukumbu neno kwa neno.

Nilirudi mezani kwangu nikarekebisha orodha ya ukutani mbele ya watu, mchana kweupe, kalamu nyekundu, muhuri juu yake. Nilibaki nimesimama pale nikiitazama kwa muda mrefu hadi mfagizi akaniomba ninyanyue mguu.

Jina lako sasa limekaa kati ya mabonge ya watu, kaka. Huenda wakakuangusha. Nimejaribu kulihofia hilo, nimeshindwa.

Mizani inafunguliwa Jumamosi tarehe kumi na tisa, saa moja asubuhi. Shuka kituo cha mbele ya shule, vuka barabara, usiingie lango kubwa, siku hiyo litajaa watu. Fuata ukuta wa rangi ya bluu iliyobanduka hadi kwenye mlango mdogo wa chuma. Bawabu hasikii vizuri, gonga kwa ufunguo au kwa sarafu, usigonge kwa ngumi, atakasirika. Uliza karani. Wakisema hayupo, nipo. Niko nyuma ya kabati la tatu, watajua wakiangalia. Ukichelewa au ukipotea, au ukijikuta umesimama mbele ya duka lolote, piga simu ya ofisi. Iko mezani kwangu, na nimewaambia wote kwamba siku hiyo haipokelewi na mtu mwingine ila mimi. Namba iko nyuma ya bahasha, nimeiandika mara mbili.

Mama atakuwa benchi la kwanza. Atakugombeza kwanza, mwache amalize.

Na amenituma nikuambie usije na njaa. Amka mapema, ule, unywe maji, ushibe. Kisha ndiyo uje.

Mdogo wako